Ukengeushi na Mali ya Abdulla: Dhidi ya Uhakiki Unaotafuta Upweke

1. Utangulizi

Makala hii ni ya ugomvi, na ni vyema msomaji ajue hivyo tangu mwanzo. Ugomvi wenyewe hauna mlengwa mmoja kwa jina. Unayalenga mazoea yaliyoota mizizi katika idara zetu za fasihi, ikiwemo hii inayolichapisha jarida hili, na ambayo mimi mwenyewe nimeyafundisha kwa miaka kadhaa bila ya kuyahoji. Mazoea hayo ni ya kulichukua neno ukengeushi, ambalo ni miongoni mwa maneno mazito kabisa ya nadharia ya jamii, na kulipunguza mpaka likabaki kuwa jina jingine la upweke. Mhusika akijifungia chumbani, akanyamaza na kutazama dari, mhakiki wetu huandika: huyu ni mtu aliyekengeushwa. Mhusika akishinda kutwa akibeba magunia yasiyo yake katika bandari isiyo yake, mhakiki huyo huyo huandika: huu ni uhalisia.

Kilichonisukuma kuishika kalamu ni semina moja ya wanafunzi wetu wa uzamili. Tulionyeshwa kazi ya video ya wasanii wa Moscow wajiitao AES+F, iitwayo Last Riot, ambayo iliwekwa katika banda la Urusi kwenye maonyesho ya Venice mwaka 2007. Katika viwambo vitatu vilivyopangwa sambamba, vijana wenye sura za kupendeza wanainuliana panga na virungu. Upanga unafika shingoni lakini haukati. Hakuna damu, hakuna maiti, na katika nyuso zao hamna chuki wala huruma. Mandhari yote yameundwa kwa kompyuta, na muziki ni wa Wagner. Ni kazi yenye nguvu, na siandiki ili kuibeza. Lakini taa zilipowashwa, mjadala ulifikia hitimisho ambalo sikuweza kulala nalo: kwamba huu ndio ukengeushi wa jamii ya kisasa katika hali yake halisi, kwamba fasihi ya Kiswahili imeukaribia mara mbili tu, katika Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi, na kwamba kwingineko kote bado hatujafika.

Kufika wapi? Swali hili halikuulizwa. Madai ya makala hii ni kwamba fasihi na sanaa ya Waswahili ilikwisha kulikabili suala la ukengeushi katika mzizi wake, yaani katika kazi na mali, na kwamba sisi wahakiki hatuoni hivyo kwa sababu tumejifunza kuutafuta ukengeushi katika matawi. Ushahidi wangu wa kwanza utatoka katika vitabu ambavyo kila mwanafunzi wetu anavijua. Ushahidi mkuu utatoka Biashara Street, Mombasa, katika maduka ya leso.

2. Neno na mnyambuliko wake

Tuanze na lugha, kwani ndiyo kazi yetu. Mzizi wa neno letu una vitenzi viwili ambavyo havifai kuchanganywa. Kukengeuka ni kuiacha njia; aliyekengeuka kaiacha mwenyewe, na lawama ni yake. Kukengeusha ni kumwachisha mtu njia. Hapa pana mtendaji na pana mtendwa. Nomino tuliyoichagua kwa ajili ya nadharia, ukengeushi, imejengwa juu ya kitenzi cha pili. Kiambishi cha usababishi kimo ndani yake, na kinatudai jibu: ni nani aliyekengeusha? Ajabu ni kwamba tumelichagua umbo lenye swali hili, kisha tukalitumia kana kwamba tulichagua lile la kwanza. Ukiyasoma maandishi yetu utamkuta mhusika "aliyekengeuka" kutoka kwa jamii yake, mila zake au dini yake, lakini aliyemkengeusha humwoni. Uhakiki wa namna hii, hata unapojipamba kwa istilahi za Ki-Marx, haujatofautiana na nasaha za wazee kwa kijana aliyepotoka.

Marx mwenyewe, katika ile miswada ya mwaka 1844 ambayo haikuchapishwa hadi 1932, alilipanga suala hili kwa hatua. Mfanyakazi anatengwa kwanza na kile alichokitengeneza, kwa kuwa si chake. Anatengwa na tendo lenyewe la kukitengeneza, kwa kuwa analifanya kwa kulazimika. Anatengwa na utu wake, kwa kuwa kazi ndiyo iliyokuwa imdhihirishe utu huo. Na mwishowe anatengwa na wanadamu wenzake. Upweke, basi, uko mwisho wa mnyororo. Mhakiki anayeanza na upweke na kuishia papo hapo ni sawa na tabibu anayeipima homa na kuiita homa hiyo ugonjwa.

Mkanganyiko wa pili umetokana na wingi wa dhana za kigeni tulizozirundika chini ya neno hili moja. Mwaka 1917 Viktor Shklovsky, mmoja wa Wanaumbuji wa Kirusi, alitumia neno ostranenie kuieleza mbinu ya sanaa ya kukifanya kitu tulichokizoea kionekane kigeni, ili tukione upya. Katika miaka ya 1930 Bertolt Brecht, ambaye mwaka 1935 alikuwa Moscow, aliunda dhana yake ya kumtenga mtazamaji na mchezo ili afikiri badala ya kuzama katika hisia. Dhana hizi mbili ni za mbinu. Ya Marx ni ya hali. Mbinu inafanywa na msanii kwa makusudi ili kutuzindua, ilhali hali inafanywa na mfumo wa uzalishaji na inatulaza. Kuziita zote ukengeushi ni kuiita dawa kwa jina la ugonjwa. Napendekeza tuiite ya Shklovsky ugenishaji, na neno ukengeushi tulibakishie kazi yake nzito.

Tukishatenganisha hivyo, orodha yetu ya vitabu inabadilika. Kuli (1979) ya Shafi Adam Shafi, inayosimulia maisha ya Rashidi na wachukuzi wa bandari ya Unguja na mgomo wao wa 1948, inakuwa riwaya ya ukengeushi kuliko nyingi tulizozoea kuziita hivyo: mtu anaishi kwa kuinua mizigo ambayo hatakifungua kifurushi chake hata kimoja. Kilio cha Haki (1981), tamthilia ya Alamin Mazrui, inamwonyesha Lanina na wafanyakazi wa shamba wakiukabili ukengeushi kwa njia pekee inayoweza kuukabili, yaani kwa pamoja. Hata Kezilahabi mwenyewe tunamdhulumu. Tunamsoma Kazimoto wa Kichwamaji (1974), msomi anayejiua, kama mgonjwa wa mawazo, na tunasahau kwamba mwandishi huyo huyo, mwaka mmoja baadaye, alitoa Dunia Uwanja wa Fujo, ambamo mali ndiyo inayomwinua Tumaini na ndiyo inayomwangamiza. Wanafunzi wangu wamevisoma vitabu hivi vyote. Katika tasnifu zao kuhusu ukengeushi, Kuli haimo.

3. Farasi wa Tolstoy na neno "yangu"

Nimesema kwamba mbinu na hali zisichanganywe. Sasa niseme kwamba zinaweza kukutana, na mfano bora wa kukutana kwake tunaupata kwa Shklovsky mwenyewe. Ili kuonyesha ugenishaji ni nini, alikichukua kisa cha Tolstoy kiitwacho Kholstomer, kilichochapishwa 1886, ambacho sehemu yake kubwa inasimuliwa na farasi. Farasi huyu anashindwa kabisa kulielewa neno moja la wanadamu: yangu. Anaambiwa yeye ni wa fulani, naye haoni ni nini katika mwili wake kilicho cha fulani huyo. Anawaona watu wanaoiita ardhi yao na hawajawahi kuikanyaga. Anahitimisha kwamba wanadamu hawashughuliki na kufanya mambo, wanashughulika na kupata haki ya kuviita vitu vyao.

Msomaji aangalie kilichotendeka hapo. Mbinu imetumika, nacho kilichofanywa kigeni si mti wala jiwe, ni umilikaji. Wahakiki wetu hunukuu nadharia ya Shklovsky na kuuacha mfano wake, kana kwamba ni ganda la ndizi. Lakini mfano ndio unaotufundisha kwamba sanaa ya majaribio haipimwi kwa ukungu wake, wala kwa ukimya wa wahusika wake. Inapimwa kwa kitu inachotulazimisha kukiona upya. Shklovsky aliongeza jambo jingine linalotufaa: katika orodha yake fupi ya vitu vinavyoliwa na mazoea, alizitaja nguo.

Basi twende kwenye nguo.

4. Biashara Street

Baada ya semina ile niliwaomba wanafunzi tukutane Biashara Street, mahali inapoachana na Barabara ya Digo. Si safari ya utafiti niliyoikusudia. Nilitaka tu tusimame mbele ya duka la leso kwa muda ule ule tuliokuwa tumeutumia kuitazama video.

Leso ni kitu kinachotazamwa na kusomwa kwa pamoja. Ina pindo, ina mji, na chini ya mji ina jina, yaani maneno. Huuzwa doti, vipande viwili vilivyoshikana, na nje ya maduka wapo mafundi wa cherehani wanaovitenganisha na kuvipinda. Wanafunzi waliona upesi jambo ambalo mimi nililijua na sikuwahi kulifikiria: wateja wengi, kabla ya kuuliza bei, hulitafuta jina. Rangi inaweza kuwa imewapendeza kutoka mbali, lakini nguo haichukuliwi mpaka ikunjuliwe na maneno yasomwe. Fundi mmoja, nilipomuuliza maoni yake kuhusu maneno aliyokuwa akiyapitishia sindano, alinijibu kwamba yake yeye ni pindo tu. Maneno yana wenyewe.

Wenyewe ni nani? Hapo ndipo nadharia inapoanza. Juu ya leso nyingi zilizouzwa katika mtaa huu, pembeni mwa jina, mna maandishi madogo zaidi: K.H.E., Mali ya Abdulla. Ni alama ya duka la Kaderdina Hajee Essak, ambalo historia yake mjini Mombasa inahesabiwa tangu 1887, na ambalo mapokeo ya biashara hii hulipa sifa ya kuyaingiza majina katika leso, kwanza kwa hati za Kiarabu na baadaye kwa za Kirumi. Alama ya biashara ni jambo la kawaida, na sina neno na mwenye duka; ni haki yake kuilinda kazi yake isiigwe. Lakini tuiangalie kwa macho ya farasi wa Tolstoy. Mwanamke ameinunua nguo, ameilipia, ameifunga kiunoni, na bado nguo inatangaza kuwa ni mali ya Abdulla. Na katika nguo hiyo hiyo, kwa herufi kubwa zaidi, yamo maneno kama Japo sipati tamaa sikati, ambayo yeye anayatumia kumjibu jirani, wifi au mume, na ambayo siku hiyo, katika ua huo, ni yake na si ya mtu mwingine yeyote.

Sasa tuifuate leso kinyumenyume. Leso zimewahi kuchapwa Uingereza, Uholanzi na Japani, na katika viwanda vya Afrika Mashariki yenyewe kama kile cha Urafiki cha Dar es Salaam kilichoanza kazi 1968. Nyingi za siku hizi hutoka India, ambako mji wa Jetpur, katika Gujarat, umejulikana kwa uchapaji huo. Maneno hutungwa au huteuliwa pwani, husafiri kuvuka bahari, huchapwa na mikono ya watu wasioijua lugha yake, kisha hurudi. Ndiyo maana mara nyingine jina huja likiwa na herufi iliyoruka au maneno mawili yaliyogandana. Kosa hilo la chapa, ambalo wanafunzi walilicheka, ni alama ya wazi kabisa ya ukengeushi. Mfanyakazi amechapa maelfu ya sentensi asizoweza kuzisoma, kwa ajili ya wanawake asiowajua, katika ugomvi usiomhusu. Hakuna kijana wa AES+F aliye mbali na tendo lake kuliko mtu huyu. Tofauti ni kwamba vijana wale tunaoneshwa, naye haoneshwi. Anaonekana kwa kosa lake peke yake.

Hivyo basi, leso inaubeba ukengeushi mzima wa uzalishaji wa kisasa: kiwanda cha mbali, chapa ya mmiliki, bidhaa ya maelfu, sentensi isiyo na mtunzi anayejulikana. Na juu ya hayo yote inafanya jambo ambalo nadharia iliyoanzia kwenye upweke haiwezi kulieleza. Inapofika mikononi mwa mvaaji, sentensi ya kiwandani inageuka kuwa usemi wa mtu. Yeye ndiye anayemchagua msomaji wake, saa yake na mahali pake. Kilichotengwa na mtengenezaji kinaunganishwa tena na mtumiaji.

5. Pingamizi

Najua yatakayosemwa, na baadhi yake yana uzito.

Litasemwa kwamba ninaipamba bidhaa. Kwamba jina la leso ni mtego wa mfanyabiashara, anayeuza mafumbo kwa sababu mafumbo yana soko. Nakubali kwamba yana soko. Lakini riwaya nazo zina soko, na hakuna aliyewahi kukataa kuihakiki riwaya kwa kuwa mchapishaji wake alitaka faida.

Litasemwa pia, na hili ndilo pingamizi gumu, kwamba mwanamke anayesema kwa nguo ni mwanamke aliyezuiwa kusema kwa kinywa, na kwamba ninachokiita ushindi ni ushahidi wa kufungwa kwake. Saida Yahya-Othman, katika makala yake ya 1997 kuhusu majina ya kanga na sauti ya wanawake, alikwisha kulifungua suala hili, na Rose Marie Beck, katika kitabu chake cha 2001 juu ya matini za nguo hizi, ameonyesha jinsi leso inavyomwachia mvaaji nafasi ya kukana kwamba alisema lolote. Silipingi hilo. Nafasi ya kukana inahitajika pale tu ambapo kusema kuna hatari. Leso, basi, haiufuti ukengeushi. Inaushindania, kwa masharti ambayo mvaaji hakuyaweka. Lakini angalia pingamizi lenyewe lilipotufikisha: tumekwisha kuuliza nani amemzuia nani, kwa faida ya nani, na mzuiwaji amefanya nini. Hayo ndiyo maswali ambayo neno ukengeushi lilikuwa likitudai tangu mwanzo, na ambayo hayakuulizwa katika semina nzima ya video. Na niongeze kwamba kazi mbili nilizozitaja, moja imeandikwa kwa Kiingereza na nyingine kwa Kijerumani, nazo husomwa katika isimujamii na anthropolojia. Katika darasa letu la nadharia ya fasihi sijaziona zikitajwa.

La tatu litasemwa na wenzangu wanaoipenda sanaa ya majaribio: kwamba ninawafungia wanafunzi dirisha la ulimwengu. Kinyume chake. Ninataka dirisha lifunguliwe zaidi, kwani Urusi ya AES+F ni sehemu tu ya Urusi. Mwaka 2003 lilianzishwa St. Petersburg kundi liitwalo Chto Delat, yaani Nini Kifanyike, jina la riwaya ya Chernyshevsky ya 1863 na la kijitabu cha Lenin cha 1902. Video yao ya 2010 kuhusu mnara ambao kampuni ya Gazprom ilitaka kuujenga katika mji huo inawaketisha wakubwa wa kampuni juu, wakipanga jinsi ya kuwashawishi watu, na chini yao inaiweka kwaya ya watu wenyewe wa mji. Hawa nao ni wasanii wa majaribio, nao wanazungumzia utengano wa jamii ya kisasa. Lakini wameuonyesha kwa kuuliza mji ni mali ya nani, na wamewapa waliotengwa sauti ya kiitikio. Mwanafunzi aliyelelewa katika utamaduni wa nyimbo za kujibizana na leso za kujibizana angeielewa kazi hiyo bila ya kamusi. Kwa nini basi tulipochagua kazi moja ya kuuwakilisha ukengeushi, tulichagua ile isiyo na mwenye kusema?

6. Hitimisho

Jibu langu ni kwamba tumeugeuza ukengeushi kuwa cheo. Jamii iliyo na watu wapweke wanaonyamaza inahesabiwa kuwa imeendelea, na fasihi isiyo nao inahesabiwa kuwa bado inajongea. Katika mtazamo huo mchukuzi wa Kuli hana hadhi ya kuitwa mtu wa kisasa, ingawa meli aliyoipakua ndiyo usasa wenyewe, na mwanamke wa Mombasa anahesabiwa kuwa wa mapokeo, ingawa nguo aliyoivaa imevuka bahari kutoka kiwandani. Wasiwasi wangu hauishii kwenye istilahi. Mwanafunzi tunayemfundisha hivi atatoka chuoni akiwa na uwezo wa kuutambua ukengeushi katika video ya Moscow, na asiweze kuutambua katika mkataba wake wa kwanza wa kazi. Huyo ndiye tutakayekuwa tumemkengeusha, na safari hii mtendaji atajulikana.

Napendekeza mambo matatu, nayo hayahitaji fedha. Kuli na Kilio cha Haki zisomwe katika somo lile lile na juma lile lile na Nagona, ili hakuna iitwayo ya kikale na hakuna iitwayo ya kisasa kwa umbo lake peke yake. Tasnifu yoyote itakayolitumia neno ukengeushi idaiwe, katika sura yake ya kwanza, kumtaja anayekengeusha. Na mwanafunzi atakayetaka kuihakiki leso kama matini, picha na maneno yake kwa pamoja, asiambiwe tena kwamba hiyo ni kazi ya idara nyingine.

Fundi wa Biashara Street alisema kwamba maneno yana wenyewe. Mwenye duka anao ushahidi wake, umechapwa pembeni mwa nguo. Mvaaji anao wake, na jirani yake ameusoma. Aliyechapa, huko Jetpur, bado hajaulizwa. Uhakiki unaostahili jina hilo ungeanza kwa kumuuliza.